Baba Hageuki Siku ya Zamu

Mama yangu mpenzi,

Shikamoo. Goti lako linaendeleaje na baridi ya Chome? Mimi ni mzima, ila huku Ujerumani kuna siku jua halichomozi kabisa, nami natamani niwe jikoni kwako, moshi uniingie machoni, unifokee nisogee.

Video yangu imepata nafasi kwenye maonyesho ya sanaa. Ni ile mdogo wangu Nakijwa aliyomrekodi Baba kwa simu, mwaka wake wa mwisho, siku ya zamu yetu ya kumwagilia shamba kwa maji ya bwawa la ndiva. Nimeipunguza mwendo, inaonyeshwa ukuta mzima. Watu wanasimama gizani, kimya, wanautazama mgongo wa Baba na jembe lake, maji yakishuka mferejini. Mara inasikika sauti yake: "We Nakijwa, acha kuchezea simu, njoo uzibe huku!" Wao hawaelewi hata neno. Mimi nacheka, kisha nalia.

Sasa lile uliloniomba: kama kompyuta inaweza kumgeuza, tumwone uso. Inaweza, Mama. Niliipa picha zake za harusi ya Nakijwa, ikamgeuza. Loo! Nilipiga kelele, "Baba!" Akanitazama, akasimama pale ananichekea tu. Na maji je? Baba gani huyo wa kuyapa kisogo maji ya zamu, na jirani wa juu tunamjua alivyo mwizi wa maji? Baba yetu hata mchungaji akipita alimwitikia bila kugeuka, macho kwenye mfereji!

Mwenye maonyesho ameipenda hiyo ya kompyuta kuliko yangu. Nimemkatalia, amenuna. Shauri yake.

Ila nami nilikuwa naifungua kila nikirudi kutoka kazini. Najua ulivyoingoja, na naumia kukunyima. Lakini juzi nilijaribu kumkumbuka Baba akicheka, akanijia yule wa kompyuta.  Nimeifuta. Wewe ndiye uliyeishi naye. Chukua simu ya Nakijwa, unirekodie kwa sauti yako, unisimulie alivyokuwa akicheka, kabla sijampoteza kabisa.

Nisalimie Nakijwa na shemeji, na shangazi wa kwaya. Mwambie makande yake nayaota. Jirani wa juu naye msalimie, lakini usimwache peke yake na mfereji.

Mimi mwanao, mwenye hamu nawe isiyosemeka,
Namsifu