Wembamba Wangu

Jumatatu, 13 Januari
Vidonge viwili vya kunenepesha kabla ya chai. Njaa ya ajabu, nimekula mkate mzima wa boflo peke yangu. Wiki ya tatu sasa. Havina hata jina kwenye pakiti, nilivinunua kwa mwanamke anayeuza manukato mjini Chake. Mume wangu Hamadi hajui.

Alhamisi, 16 Januari
Mama mkwe kaja. Kanishika kifundo cha mkono, kakizungushia vidole viwili vikakutana.
"Harusi ya wifi yako Raya imekaribia. Watu watasema mwanangu hakulishi."
Nimecheka. Kisha nimeingia jikoni nikalia. Nina miaka thelathini na sita, watoto watatu, sijalazwa ila kwa kujifungua. Leo nimemeza vitatu.

Jumapili, 19 Januari
Uso umejaa kama andazi. Majirani wananisifu, umenawiri mwalimu. Nimefurahi, sikatai.
Lakini njiani kwenda shamba nimepumzika mara mbili. Mie, niliyezoea kupandisha kile kilima na jembe begani bila kusimama. Moyo unanienda mbio.

Jumatano, 22 Januari
Nimeanguka darasani, katikati ya hesabu za sehemu. Walimu wamenipeleka hospitali. Presha juu sana. Muuguzi kaniuliza nimemeza nini. Nikaona haya. Nikaitoa pakiti.
"Mwili wako haukuwa na ugonjwa, mwalimu. Ugonjwa ndio huu unaoumeza."
Daktari kaniandikia namna ya kuviacha kidogo kidogo.
Hamadi nimemwambia yote. Kaniambia: "Nilikuoa nakuona ulivyo."

Ijumaa, 7 Februari
Vidonge kwisha. Uso umerudi wangu. Fundi alitaka kutia sponji kwenye nyonga za gauni la harusi. Nimekataa. Nishone nilivyo.

Jumamosi, 15 Februari
Harusi. Gauni la kijani, limenikaa barabara. Shangazi mmoja wa Hamadi kaniita mbele ya wanawake wote: "Wewe ufito, ule bwana."
Zamani ningeinamisha kichwa.
"Nakula, shangazi. Na nyumba ya udongo husimamishwa na fito."
Wamecheka mpaka mwenyewe kacheka. Mama mkwe hakucheka. Kamgeukia shangazi: "Huyu analima matuta ishirini kabla jua halijakaza. Mkwe wako analima mangapi?"
Nimecheza mpaka miguu imewaka moto. Najivuna, na siombi radhi.

Jumatatu, 17 Februari
Baada ya skuli nimekwenda kupima tena. Mama mkwe kanifuata, kwa miguu, pole pole. Yeye kilo tisini, mie arobaini na nane. Presha zetu sote salama. Muuguzi kasema tuendelee kutembea.
Wakati wa kurudi tumenunua ndizi mbivu, tukala kando ya njia. Kanipa ya mwisho, nikaigawa nusu.