Filamu Iliyobaki Neno Moja

Baba,

Lile kofi bado linalia sikioni mwangu. Si kofi la kuigiza, ambapo anayepigwa hugonganisha viganja vyake kwa siri na watazamaji wakashtuka. Hilo ulinifundisha wewe mwenyewe, sebuleni kwetu Kitale. Nasema lile la Endebess, tulipowaigizia wanafunzi kitabu chao cha mtihani. Niligonganisha viganja, na papo hapo mkono wako ukatua kwelikweli. Ukumbi mzima ukasimama kukushangilia. Tukiwa njiani kurudi ukacheka: "Si umelia vizuri leo? Machozi ya uongo nani atayaamini, bana?"

Tangu hapo ulinipiga kila onyesho. Naitiri. Bungoma. Mama alipouliza shavu lina nini, ukamjibu ati ni rangi ya jukwaani.

Tumekuzika kwenu Bungoma. Watu walikusifu mpaka sauti zikakauka. Kisha mwelekezi wa ile filamu akanivuta kando. Ile uliyoingoja miaka yote ukipewa kucheza mlinzi, mlevi na maiti. Ya kwanza kukufanya mhusika mkuu. Sehemu zako zote zimeshapigwa picha. Kumebaki mwisho tu, upande wangu mimi niliyecheza binti yako: binti anamwinamia baba yake anayekufa, anamwambia, "Nimekusamehe."

"Ni neno moja tu, dada. Bila hilo hakuna filamu."

Siku ya kunyoa matanga, wembe ulipita vichwa vyote vya nyumba, changu kikarukwa. Dada yako, ambaye hajawahi kulegeza mila hata kwa mgonjwa, ndiye aliyesema: "Huyu aachiwe nywele mpaka wamalize picha zao. Si zinafaa zifanane na za mwanzo? Hata marehemu angetaka hivyo."

Angetaka. Najua.

Wiki nzima nililijaribu neno hilo mbele ya kioo. Nilitaka kuliweza, Baba. Nilikumbuka ulivyokuwa ukinisomea mistari yangu huku unatafuna mahindi ya kuchoma, punje zikiruka, ukisema, "Ongea na yule aliyekaa nyuma kabisa, mama. Hao wa mbele watasikia tu." Siku hizo nilikupenda, na hilo ndilo linaloniuma kuliko shavu. Lakini kila nilipolisema, neno lilitoka zuri mno. Watu wangelia. Wangerudi makwao wakiamini.

Sitakupa.

Kwaheri, Baba. Kaburi lako nitalipalilia, naahidi, na jukwaani nitarudi, maana kazi hii ilikuwepo kabla yako.

Jana asubuhi nilimpelekea shangazi wembe nikaketi chini, miguu nimeinyoosha. Akina mama wa jirani walilia, wakasema hakuna aliyekuomboleza kama mimi. Mwelekezi alipofika alinitazama kichwa kilichonyolewa, akataja wigi. Nikamwambia asihangaike. Amefunga kamera yake, amerudi Nairobi.