Mpinzani wa Mjomba

Honnekoppa, 3 Septemba 1964

Kwa mpwa wangu Nagaveni,

Marahaba, ingawa hujaniamkia tangu uolewe. Ni matumaini yangu barua hii itakukuta mzima, wewe na mumeo na mtoto. Mimi mwili mzima. Mto Tunga umejaa, na paa la jikoni linavuja palepale.

Nakuandikia habari ambayo naona hakuna aliyekufikishia. Mke wangu Gauramma, aliyekulea, amefariki. Ilikuwa homa, katika zile mvua kubwa, na barabara ya Shimoga ilikuwa imekatika. Ibada zote nimezitimiza.

Watu wamekuja kunipa pole, kila mmoja na elimu yake. Jirani yetu, mfuasi wa Vedanta, aliniambia roho ni moja tu ulimwenguni, kwa hiyo hakuna aliyekufa wala aliyefiwa. Kuhani wetu Subbabhatta akasema, timiza ibada kama ilivyoamriwa, mengine usiulize. Yule Mjaini mwenye duka la vitambaa, ambaye kwa dini yake kila jambo lina pande nyingi, akasema kwa upande mmoja amekwenda, kwa upande mwingine hajaenda. Nikawaitikia wote. Mimi mwenyewe nimefundisha maisha yangu yote kwamba roho ipo na haifi, na hoja za kuthibitisha ninazo. Hoja zote ziko mahali pake, Nagaveni, nami silali.

Unakumbuka kwa nini nilikuketisha darasani na wavulana? Kila mdahalo wetu huanza na mpinzani, Mcharvaka, asemaye kwamba hakuna roho, hakuna maisha mengine, na cha kuaminika ni kile tu kinachoonekana. Hakuna baba aliyekubali mwanawe ayatamke maneno hayo. Wewe, yatima uliyekuwa ukisikiliza mlangoni, ukasema, "Nitayasema mimi." Ukayasema vizuri mno hata ukayaamini, ukaenda zako Bengaluru, ukaolewa na mtu wa tabaka jingine. Wanafunzi nilio nao leo wanaishika hoja ya mpinzani kama mtu anayembeba nyoka mfu kwa ncha ya fimbo.

Niandikie hoja ya Mcharvaka kuhusu Gauramma. Iandike kwa nguvu zako zote. Nataka mtu wa kunikatalia.

Ni mimi mjomba wako,
Sheshagiri


Bengaluru, 15 Septemba 1964

Shikamoo Mjomba,

Barua yako ilinikuta kazini, maabara ya maziwa, nikaisoma nimesimama. Wenzangu ndio walionirudisha nyumbani. Mama Gauramma ndiye mama niliyemjua. Mume wangu Basappa anakupa pole nyingi. Mtoto hajui kitu, ila akiniona nalia naye analia.

Unakula nini? Nani anakupikia? Blanketi zito lipo, au bado unawapa wanafunzi?

Hilo uliloniomba, Mjomba, hapana. Mdahalo ni mdahalo na msiba ni msiba. Ikiwa unaamini yuko mahali, mimi ni nani hata nikunyang'anye? Sitaki kukushinda katika jambo hili. Niruhusu nije nikuone tu.

Mpwa wako,
Nagaveni


Honnekoppa, 24 Septemba 1964

Kwa Nagaveni,

Marahaba. Mimi mzima. Najipikia mwenyewe, na wali unaungua kila siku. Usije.

Hivi hata wewe? Nimezungukwa na watu wanaonilisha uji wakati meno bado ninayo. Anayeogopa kunipinga ameshaniona nimekwisha. Na nani kakwambia hoja yako ina nguvu ya kuninyang'anya kitu? Niliijibu kabla hujazaliwa!

Haya, kama umesahau kazi nitakuanzia, kama nilivyokuwa nikikuanzia ukiwa mtoto. Jani la tambuu si jekundu. Popoo si nyekundu. Chokaa si nyekundu. Vitafune pamoja, wekundu unatokea. Ndivyo, asema Mcharvaka, ardhi na maji na moto na hewa zinavyokutana, fahamu ikatokea. Endelea hapo. Au huwezi tena?

Mjomba wako


Bengaluru, 6 Oktoba 1964

Shikamoo Mjomba,

Naweza. Sisi huku wazima. Kaa chini kwanza, ndipo usome.

Mama Gauramma alikuwa akitafuna tambuu tangu asubuhi. Akicheka alijifunika mdomo kwa pindo la sari, kwa kuyaonea haya meno yake mekundu. Wekundu ule, Mjomba, mtafunaji akishanyamaza unakwenda wapi? Hauendi popote. Haukai foleni kungoja kuzaliwa tena. Ulikuwepo vitu vilipokutana, na sasa vitu vimeachana.

Wewe utasema: palipo na moshi pana moto, kwa hiyo palipo na fahamu pana roho. Lakini moshi na moto umeviona pamoja, jikoni kwako, kila siku. Roho iliyo peke yake bila mwili umeiona wapi, hata uijue dalili yake?

Na hili la mwisho sikutaka kuliandika. Unasema hulali. Unamkosa nani? Huikosi roho. Roho, kwa mafundisho yako mwenyewe, haina sauti, haina mikono, haikugombezi kwa kuingia ndani na miguu ya matope. Unaukosa mwili wake. Ule mliouchoma ukingoni mwa Tunga ndio uliokuwa yeye. Kama roho ndiyo Gauramma, basi hujapoteza kitu. Lakini umepoteza, Mjomba. Machozi yako yako upande wangu.

Nisamehe. Umetaka nguvu zangu zote.

Mpwa wako,
Nagaveni


Bengaluru, 20 Novemba 1964

Shikamoo Mjomba,

Hujajibu. Nimeandika mara ya pili, kimya. Nikamwandikia karani wa posta wa huko, naye anasema barua zangu ulizipokea kwa mkono wako.

Kama nimekuumiza, nitukane, lakini andika. Basappa ananiambia, "Wewe ulikuwa na haja gani ya kumaliza na lile la machozi?" Nikikosa barua wiki ijayo napanda basi, utake usitake.

Nagaveni


Honnekoppa, 27 Novemba 1964

Kwa mwanangu Nagaveni,

Marahaba. Usipande basi bado. Mimi mzima, na natumaini nanyi mko vivyo hivyo.

Barua yako niliisoma ukumbini, nikawaambia wanafunzi waende kwao. Darasa likafungwa hata sikukuu ya taa ikapita. Mwezi ule sikumtolea Gauramma tonge lake la wali, lile analolishwa marehemu kila mwezi. Nilikaa na sahani magotini nikajiuliza, namlisha nani? Subbabhatta akapata habari, akaja mbio.

"Sheshagiri! Unamwacha mkeo na njaa?"

"Hilo ndilo ninalolichunguza," nikamwambia.

Akaondoka bila kunywa kahawa.

Kisha nikaanza kukujibu. Aliyemwona kwa macho akijifunika mdomo, na aliyemsikia kwa masikio akicheka, ni mmoja. Jicho halisikii, sikio halioni. Nani anayeyaunganisha? Na mwili huu wangu si ule wa siku ya harusi, lakini anayeikumbuka harusi ni yuleyule. Hiyo hoja nzuri, na utapata nayo taabu. Lakini lile la machozi nimelizunguka kila upande, sina jibu. Nililia kwa sauti, Nagaveni, peke yangu kama mtoto, kisha nikalala mpaka jua likanikuta kitandani.

Wote walionijia walinizungumzia roho, na roho ni ya kila mtu. Ni wewe tu uliyenizungumzia Gauramma.

Bado naamini nitamwona. Tonge nimerudi kulitoa. Ila nina ombi. Mwakani, siku ya kumbukumbu yake, njoo upike wewe chakula cha ibada. Najua watakavyosema: aliyeolewa nje ya tabaka hagusi vyungu vya ibada. Najua pia kwamba kwa imani yako hakuna marehemu atakayekila. Lakini mkono wa Gauramma wa kupika umebaki kwako, kwa mwingine haupo. Fikiria. Usinijibu haraka.

Mjomba wako,
Sheshagiri


Honnekoppa, 12 Agosti 1965

Kwa mwanangu Nagaveni,

Marahaba. Kadi ya Basappa imefika, nimefurahi kwamba mlifika salama na mtoto hakutapika njiani. Mimi mzima. Paa la jikoni alilolitengeneza halivuji, linadondosha kidogo tu.

Subbabhatta alipoona ni wewe uliyepika, akasusa, nami nikaiendesha ibada mwenyewe, nilidhani mambo yameishia hapo. Hayakuishia. Wazazi watatu wamewaondoa wana wao. Hekaluni nimeambiwa nisikae tena safu ya mbele. Waliobaki darasani wanabishana vizuri zaidi kuliko zamani, kwa kuwa wameona hoja inaweza kumfikisha mtu wapi. Na yule Mjaini alipita jana akasema kwa upande mmoja nimeharibu, kwa upande mwingine hajawahi kunusa mchuzi kama ule. Nikamwambia mwakani aje na bakuli.

Usijilaumu. Nilikuita mimi.

Kuna jambo moja sikukwambia mlipokuwa hapa. Asubuhi ile nilikuja mlangoni kukuletea majani ya mgomba ya kulia chakula. Ulikuwa umenipa mgongo, peke yako, unakoroga. Nikakusikia unasema, "Mama, pilipili manga zinatosha, au niongeze?"

Mimi ni mtu wa hoja, Nagaveni. Mtu haulizi asiyekuwepo. Nilikuwa na neno la kukumaliza pale pale, mbele ya wageni wote, wewe Mcharvaka wangu. Nikaliweka chini pamoja na yale majani, nikaenda zangu. Nataka tu ujue kwamba nilikuwa nalo.

Mjomba wako,
Sheshagiri


Bengaluru, 25 Agosti 1965

Shikamoo Mjomba,

Sisi wazima. Mtoto anauliza kila siku tutarudi lini kwa babu mwenye ng'ombe. Wale wanafunzi watatu wananiuma, hata ukisema nisijilaumu.

Sasa, neno lako. Ungelitumia ningekujibu hapo hapo, na mwiko mkononi. Kinywa kina mazoea. Jikoni mle sikuwahi kutia kitu chunguni bila kumwuliza yeye, basi kinywa kikauliza, kama ng'ombe anavyoelekea zizini hata zizi likiwa limebomolewa. Mazoea ya ng'ombe hayajengi zizi. Wape wanafunzi wako waivunje hiyo, tuone.

Lakini uliondoka mapema, Mjomba. Na kwa kuwa uliliacha neno lako kwa ajili yangu, nami nikupe jambo ambalo usingelijua. Nilipokwisha kuuliza, niliinua mwiko nikasubiri. Mchuzi unachemka, nami nimesimama nasubiri. Hakuna aliyejibu. Nikaongeza pilipili kidogo, kwa sababu Mama alikuwa akizipenda.

Ni mimi mwanao,
Nagaveni