Uani kwa Baba, Ghorofa ya Kumi na Moja

Doreen, uko wapi? Sikia yaliyompata baba leo huko Dar.

Si unajua kaka Samson alimwahidi tukiuza shamba la Kisondela atampatia nyumba mjini. Mzee kasikia nyumba. Kapanda basi na chipukizi la mgomba kwenye kiroba, alipande uani kabla hata kitanda hakijaingia, kama alivyofanya kila alikohamia.

Kufika, ni jengo la maghorofa, bado linajengwa. Limefika ghorofa ya nne. Ya baba ni ya kumi na moja.

Ya kumi na moja, Doreen.

Injinia akanyoosha kidole hewani. "Mzee, yako itakuwa pale juu."

Baba akatazama pale juu, hakuna kitu, mawingu tu. Akauliza kwa ile adabu yake, "Sasa mwanangu, uani kwangu ni wapi?"

Injinia akacheka. Samson naye akacheka. Baba akasema "ndaga", akamshukuru kabisa, kiroba bado kakikumbatia.

Yote hayo nayaona kwa video ya simu, nimekaa ofisi ya walimu hapa Tukuyu na madaftari yangu. Ningefanya nini?

Halafu akaniambia, "Atupele, mwambie yule mnunuzi asiguse ile migomba ya kwenye kaburi la mama yenu. Kesho narudi."

Nikamjibu, sawa baba.

Doreen, ilifyekwa yote Jumanne. Na mimi ndiye niliyewaonyesha watu wa mnunuzi mipaka.