Milio Ishirini ya Anifa

Jumatatu, 14 Julai 2025

Barua kutoka shuleni. Anifa, mjukuu wangu wa darasa la pili, apelekwe Newala keshokutwa akapimwe masikio. Akionekana hasikii vizuri, atapata nafasi kitengo – darasa lenye mwalimu wa elimu maalumu.

Nimemweleza mkwe wangu Rukaiya, mama yake, taratibu: huu si mtihani, hapa anayekosa ndiye anayesaidiwa. Akaitikia, ndiyo, Baba. Jioni nzima nimemsikia akimfundisha mtoto namna ya kufaulu.

Jumatano, 16 Julai

Newala. Mpimaji ni Gasper. Nilimfundisha mwenyewe enzi za ualimu wangu, hesabu zilimtesa sana. Anifa kavalishwa mashine masikioni. Akisikia mlio, anyooshe mkono. Milio ishirini, mikono ishirini!

Gasper kashangaa. Mimi sikushangaa. Rukaiya alikaa mbele ya mtoto, na kila kidole cha Gasper kilipobonyeza kitufe, nyusi zake zilipanda. Nikamnong'oneza Gasper abonyeze hewa. Akabonyeza hewa mara tatu. Mikono mitatu.

Rukaiya katolewa nje, mtoto kageuziwa ukutani. Safari hii, minne tu kati ya ishirini. Daktari alitazama kama ni nta imeziba masikio – si nta. Basi, anastahili. Imebaki sahihi ya baba yake kwenye fomu.

Njiani Rukaiya alilia kidogo, kisha akaniuliza kama kweli nyusi zake zilionekana. Nikamwambia, mpaka Masasi.

Ijumaa, 18 Julai

Mwanangu Ashraf hataki kusaini. Katoka kupuliza salfa mikoroshoni, macho mekundu, hasira juu yake.

"Kiziwi gani anaamkia watu kabla hawajamfikia?"

Ni kweli, kijiji chetu chote cha Mnyambe kinamsifu Anifa kwa adabu. Nikamweleza: mtoto ndiye anayeanza shikamoo, na jibu la mkubwa ni lile lile siku zote. Hapo anahitaji macho tu. Ndiyo maana anakodolea watu midomo, na sisi tunamgombeza.

Hakuridhika. Basi nikasimama nyuma ya Anifa, anamenya mbaazi, nikatangaza kwamba kesho namnunulia baiskeli. Akaendelea kumenya. Aliyeitikia ni jirani yetu, Bi Mwanne, ng'ambo ya ua: ya rangi gani?

Ashraf akasema mtoto anajua utani wangu, hata yeye asingegeuka. Hapo alinipata.

Jumanne, 22 Julai

Fomu irudi kesho. Gasper kapiga simu – nafasi mbili, watoto watatu. Fomu ya Anifa tu ndiyo haina sahihi.

Ashraf hakwenda shamba. Naandika hapa dirishani, namwona. Anifa kakaa mkekani, kampa mgongo, anachora mbuzi. Ashraf kasimama mlangoni na fomu. Kamwita. Sauti ya kawaida, ya kumtuma maji.

Anifa anachora tu.

Kasogea hatua moja. Kamwita tena. Nilitaka kutoka nikaeleze. Nimejizuia, si kazi ndogo kwangu. Hatua nyingine. Rukaiya kaacha kufua, mikono ina povu.

Sasa yuko nyuma yake kabisa. Kachuchumaa.

"Mwanangu," kasema.

Mbuzi kaongezewa pembe.

Ashraf kainuka, kaja moja kwa moja dirishani kwangu, hanitazami usoni. Kanyoosha mkono.

"Baba, lete hiyo kalamu."

Namwambia asubiri nimalize mstari. Hasubi