Maji ya Kujengea Hoteli

Kitui, 9 Agosti 1951

Mjomba Yakub,

Jambo hili sikuwa nimemwambia mtu yeyote: nilimdanganya nyanya, mama yako.

Huku mvua bado, na mbuzi wako amezaa mapacha. Ile nyumba ya mawe ya marehemu tajiri Hemedi sasa ni hoteli ya Wazungu, yenye mazulia na maji ya moto ya bomba. Mwenye hoteli aliomba shule yetu imwandikie historia ya nyumba kwa Kiingereza, na mwalimu akanichagua mimi. Nyanya alinisimulia jinsi yeye na wanawake wenzake walivyobeba maji ya kukorogea chokaa kutoka mto Kalundu, mpaka ukanda wa kibuyu ukamwachia alama kwenye paji la uso. Mimi nikaona kubeba maji si historia. Niliandika habari za Hemedi na milango yake ya nakshi tu.

Karatasi ikatundikwa ukutani. Siku tulipopeleka mayai hotelini, nyanya akaniambia, "Mishi, hebu nisomee pale uliponiandika." Nikaona haya, nikamsomea maneno ambayo hayakuwapo.

"Kumbe Wazungu wananijua!" akacheka.

Sasa soko zima limesikia, na siku ya Ijumaa nyanya anamleta mpwa wake Nzilani kutoka Zombe, anayejua Kiingereza, ajisomee.

Jana nilimpelekea mwenye hoteli karatasi mpya yenye majina ya wanawake wale. Akasema wageni wanapenda milango. Nikarudi nyumbani, nikachukua nakala yangu ya ile ya ukutani, nikaketi karibu na nyanya, nikamsomea yote kwa kumfasiria, bila kuongeza neno.

Mpwa wako,
Mishi