Ngogwe za Miiba za Hadija

Jumatatu, 6 Juni 1994
Mimi mzima. Baba Hadija mzima, ila kikohozi cha vumbi la alizeti hakijamtoka. Wifi Mwajuma, dada yake, tunayekaa naye, mzima, anaongea toka alfajiri. Wanangu wadogo, Saidi mzima. Zuhura mzima, jino limeng'oka. Kuku wetu wazima, wa jirani wameanza kufa kwa kideri. Hadija wangu aliyeolewa Mgori ndiye sijui.

Kwenye kisomo tulifundishwa ukiandika uanze na salamu za wote. Sijui kuanza vingine, hata hapa ambapo hasomi mtu.

Leo nimechuma ngogwe, nyanya chungu zetu, nyuma ya zizi. Zile za miiba, mpaka majani yana miiba. Vidole vinawaka. Hadija ana mimba ya kwanza, mwezi wa saba, na chakula hakikai tumboni. Mama mmoja wa mnadani kaniletea habari. Anataka ngogwe za kwetu tu, zile chungu. Kwa wakwe zake siku hizi wanapanda za mbegu ya kopo, za dukani, kubwa, nyeupe, hazina mwiba. Hadija anasema ni kama kutafuna maji. Nimecheka. Halafu nimelia kidogo. Mwanangu anakonda.

Nimezikata vipande, nimezianika kwenye jiwe kubwa nyuma ya nyumba. Zikikauka hazitaoza njiani, na atakula mpaka ajifungue.

Jumatano, 8 Juni
Jua kali na upepo. Zimekauka vizuri.

Lori la mnunuzi wa alizeti limepakia pale kwenye ghala la zamani la ushirika. Linapita Mgori. Hawa wanunuzi wapya bei wanajipangia wenyewe, lakini angalau wanabeba mizigo ya watu.

Nimechana shuka kuukuu, nimefunga ngogwe kwenye kitambaa cheupe, nimeweka ndani ya tenga pamoja na mitetea miwili. Wifi ndiye kapeleka tenga kwenye lori maana mimi nilikuwa na foleni mashineni. Utingo nilikutana naye njiani nikampa maneno. Mwambie Hadija, vilivyofungwa kwenye kitambaa vyote ni vyake. Apike, ale, asimgawie mtu.

Nimelala mchana kidogo. Raha.

Ijumaa, 10 Juni
Sijapika kitu leo. Naandika hivyo hivyo.

Asubuhi kuku wetu wawili wameshusha mabawa. Nikamwambia wifi alete zile ndulele zake za porini, tuwalowekee kwenye maji. Ndiyo dawa yetu ya kideri. Alikuwa amezikata na kuzianika kwenye jiwe lile lile, upande wa pili. Akasema zimekwisha.

"Nilimfungia Hadija zote, wifi. Kuku unampelekea, dawa humpelekei?"

Nikamuuliza alizifunga kwenye nini. Kwenye kile kipande cha shuka kilichobaki. Cheupe. Ndani ya tenga lile lile.

Nikakaa chini.

Ndulele haina tofauti kubwa na ngogwe, ina miiba na yenyewe. Tunda likiwa zima nalijua hata nikiwa nimefumba macho. Likishakatwa na kukauka, mimi mwenyewe siwezi kuapa. Moja ni mboga. Jingine ni sumu. Na mimi kwa mdomo wangu nimesema vyote ni vyake, apike, ale.

Nimemtukana wifi. Akasema Hadija hakuzaliwa mjini, atajua. Halafu akasema, "Kwani uliniambia umetuma maneno?" Hakuniambia na mimi sikumwambia. Bado nina hasira naye.

Jumamosi, 11 Juni
Hakuna habari.

Kwetu mama wa binti hakanyagi uani kwa mkwe mpaka mtoto wa kwanza azaliwe na wenyewe waje kumwita. Baba Hadija anasema nisubiri, lori litarudi. Nikamwambia aende yeye. Kifua hakimruhusu, naona, hata kupanda baiskeli hawezi. Anasema, "Ukienda watasema umefuata kula kwa mkweo." Waseme.

Jioni nimesimama barabarani nauliza kila anayetoka upande ule. Mwanamke mwenye mzigo wa viazi akasema amesikia kwa kina Juma kuna mgonjwa anatapika. Juma ndiye mkwe wangu. Nani anayetapika? Hajui. Mwanamke? Ndiyo, mwanamke.

Jumapili, 12 Juni
Naenda. Wifi kanipa kanga yake mpya nijifunge, sikumshukuru.

Jumatano, 15 Juni
Nimerudi. Niandike yote sasa kabla sijayachanganya.

Nilipata trekta lenye tela mpaka karibu, nikamalizia kwa miguu. Nilipofika nikasimama nje ya uzio, kwenye mabua ya mtama. Sikuweza kuingia. Juma akatoka na ndoo, akaniona, akanipa bega na kutazama pembeni. Ndiyo heshima. Akasema, "Shikamoo mama." Nikaitikia. Nikamuuliza mgonjwa ni nani.

"Mama."

"Mama yupi?"

"Mama yangu mimi."

Moyo wangu ulifurahi. Naandika ukweli. Mama wa watu yuko kitandani, mimi nje nimefurahi.

Halafu Hadija akatoka na tumbo lake, kakonda mashavu, mzima. Nikaingia uani bila kuitwa na mtu.

Mama Juma alikuwa amelala ndani, macho yameingia, midomo imekauka. Siku zote nilidhani ndiye anayemnyima Hadija chakula. Kumbe utingo alipotoa maneno yangu, kwamba asimgawie mtu, yeye alicheka, akachukua kitambaa kimoja akaenda kupika. Kwake mwenye mimba hali kitu kilichotoka njiani mpaka mama mkwe aonje kwanza. Alionja. Ilikuwa chungu mpaka masikioni. Akamaliza bakuli.

Nikamuuliza, jamani, kwa nini ulimaliza?

"Nilidhani ndivyo mlivyo watu wa huko kwenu Ilongero. Nikasema kama mwanamke mwenzangu anakula hivi kila siku, mimi nishindwe nina nini?"

Alitapika usiku kucha. Zahanati wakampa maji ya chumvi na sukari. Alipoulizwa amekula nini, akasema maharage yaliyolala. Watu wote kawaambia maharage. Hata Juma. Mimi tu, tulipobaki wawili, ndiyo kaniambia.

"Ningesema nini? Kwamba mama yake Hadija katuma sumu? Huyu binti angekaa mji huu vipi?"

Nilimweleza habari ya jiwe na kuku na wifi yangu. Alisikiliza amefumba macho. Mwisho akasema, "Basi. Umekuja bila kuitwa, usikae kama mgeni. Chota maji."

Nikachota. Nimekaa siku tatu, nimempikia uji, nimemwosha, nimefagia ua wa mkwe wangu mchana kweupe watu wanaona. Juma akipita ananipa bega. Kitambaa cha pili Hadija alikileta, akasema hizi ni ngogwe, mama, nazijua kwa harufu. Nilinusa mimi, akanusa Mama Juma. Hatukuweza kuapa kwamba hazikuchanganyika kwenye lile jiwe. Nikazimwaga shimoni zote. Hadija alilia kwa hamu. Nikamwacha alie.

Ijumaa, 17 Juni
Upepo umetulia.

Wifi kaniwekea maji ya kuoga toka juzi kila jioni. Leo nilimkuta nyuma ya zizi anachuma ngogwe, vidole vinatoka damu. Nikaungana naye. Tumezichuma nzima nzima na vikonyo vyake, na majani mawili matatu ya miiba juu, mwenye macho aone ni nini. Tumejaza kikapu. Za Hadija, na za Mama Juma kama atataka kuziona tena.

Lori limerudi, nimempelekea utingo mimi mwenyewe, mkononi. Akauliza aseme nini safari hii. Nikamwambia usiseme kitu. Waulize tu Mama Juma ameamkaje na Hadija amekula nini. Wakikujibu usilale njiani. Niletee jibu leo hii hii, nitakuwa barabarani.